Kasuku Chini ya Blanketi

Nilisikia vikohozi viwili nyuma ya pazia.

Ilikuwa alasiri ya mvua, nami nimeketi sebuleni kwa wakwe zangu, kikombe cha chai ya tangawizi mkononi. Ndani ya chumba cha mama mkwe kulikuwa na sufuria ya majani ya mkaratusi, ambayo hapa Gisenyi tunayaita inturusu, yamechemshwa mpaka harufu yake imejaa nyumba nzima. Mama mwenyewe alikuwa ameinama juu ya sufuria, amefunikwa blanketi zito kichwa hadi miguu, anajifukiza. Kikatoka kikohozi cha mtu mzima, kikavu, cha kukwangua kifua. Kisha kikatoka cha pili, chembamba, kifupi, kama cha mgeni anayesafisha koo kabla ya kubisha hodi.

"Mle ndani yuko nani mwingine?" niliuliza.

Mke wangu hakuinua macho. Aliyejibu ni shemeji yangu, kaka yake mkubwa, fundi cherehani wa sokoni, mtu asiyeweza kusema jambo bila kucheka kwanza.

"Ni kasuku, shemeji. Na ye iko na mafua. Mama amemuingiza, wapone pamoja."

Niliweka kikombe chini. Wengine wangeendelea kunywa chai, kwa sababu wasingejua walichokisikia. Mimi nilijua. Chini ya blanketi lile palikuwa na hewa iliyofungwa, ya moto, yenye unyevu, na ndege mgonjwa anayepiga mabawa na kupiga chafya ndani yake, na uso wa mwanamke mzee ukiwa karibu na uso wa ndege, akivuta pumzi ndefu kwa mdomo kwa nguvu zake zote, maana kujifukiza ndivyo kunavyotaka. Mtu angekaa afikirie njia ya kuuingiza ugonjwa mapafuni, asingepata iliyo bora kuliko hiyo. Na mimi, niliyejua, sikuweza kuinua pazia. Mkwe haingii chumbani kwa mama mkwe wake, hata nyumba ikiwaka moto ataita kwanza kutoka nje.

Niseme mimi ni nani, kwa sababu katika nyumba ile nilisemwa vingine.

Nilizaliwa Kagera, Tanzania, kwa wazazi waliokimbia Rwanda na mkeka kichwani. Nilichunga ng'ombe wa watu. Niliuza mayai ya kuchemsha stendi ya mabasi, na kwa mayai hayo nikajisomesha chuo cha mifugo mpaka nikatunukiwa diploma ya afya ya wanyama, bila mjomba serikalini wala mfadhili. Niliporudi nchi ya baba zangu hakuna aliyenipokea. Leo duka la dawa za mifugo na vyakula vya kuku lililo jirani na soko ni langu. Nyumba ni yangu, nimeijenga mwenyewe tofali kwa tofali, na bomba la maji liko ndani. Wafugaji wa Nyakiriba, ng'ombe akikataa majani, hawampigii simu mtu mwingine. Wananipigia mimi, nami napanda pikipiki na buti zangu, na nikiondoka ng'ombe anatafuna. Diploma yangu nimeitia kwenye fremu ya kioo, iko ukutani dukani, juu ya mizani, kila anayeingia aione.

Kwa wakwe zangu yote hayo yalikuwa na jina moja tu: docteur ya kuku.

Wao ni Waislamu wa mji tangu zamani, ukoo wa wafanyabiashara. Babu zao waliuza chumvi na vitambaa kabla mpaka haujawa mpaka, na nusu ya ukoo iko Goma mpaka leo, kwa hiyo Petite Barrière, kivuko cha mpakani cha watembea kwa miguu, wanaiona kama ua kati ya viwanja viwili vya familia moja. Mama mkwe, enzi za nguvu zake, alivuka pale kila asubuhi na kabichi na nyanya, akarudi na vitenge. Askari wa pande zote mbili walimjua kwa sauti. Mimi alinipenda mwanzoni kwa sababu ya shikamoo. Watu wa hapa hawana shikamoo. Mtoto anakwambia "jambo" kana kwamba mnalingana umri. Siku ya kwanza nilipoinama nikamwambia "Shikamoo, mama," aliitikia "Marahaba" kwa kuivuta, akawageukia wanawe: "Mumesikia? Huyu amefunzwa."

Miguu ilipomchoka akaacha kuvuka, na nyumba ikamlemea kwa ukimya. Ndipo mdogo wake wa Goma akampa kasuku, yule wa kijivu mwenye mkia mwekundu, aliyetolewa msituni huko Kongo. Mama mkwe alienda kumchukua mwenyewe, safari yake ya mwisho kuvuka. Kasuku wa porini havukishwi mpaka bila kibali, na kibali hakuwa nacho, basi akamfunga mgongoni kwa kitenge kama mtoto mchanga, akamvika kofia ya sufi, akatembea polepole akimbembeleza. Wapagazi walimsalimu, "Mama, hongera ya mujukuu!" naye akawajibu "Asante, mumuombee." Hadithi hiyo ilisimuliwa kila Idi katika nyumba ile, na kila mwaka kofia ya sufi ilibadilika rangi.

Ndege alikuwa na akili, sikatai. Alishika kelele za wapagazi, "Pita, mama, pita!" Alishika kikohozi cha mama mkwe, kile cha miaka mingi cha moshi wa mkaa, akakitoa vizuri hata majirani wakawa wanasema pole kwa dirisha. Na shemeji yangu, kwa uvumilivu ambao sijawahi kuuona kwenye cherehani yake, alikaa naye jioni baada ya jioni mpaka akamfundisha neno la kunipokea mimi. Nikikanyaga kizingiti tu, ndege anainamisha kichwa, ananitazama kwa jicho moja, anasema:

"Docteur ya kuku!"

Watu wazima walianguka kwenye makochi kwa kicheko. Mke wangu alificha mdomo kwa ncha ya mtandio. Nami nilitabasamu, kwa sababu mkwe hana uso mwingine wa kuvaa.

Mama alimlea kama alivyokuwa amewalea watoto wake. Alimtafunia karanga, ndege akazichukua kwenye midomo yake. Tundu lilikaa sebuleni kando ya dirisha, na kinyesi kikikauka juu ya magazeti, binti wa nyumba alikikung'uta na kufagia kwa ufagio mkavu, vumbi linapanda kwenye mwanga kama unga wa muhogo. Niliwaambia tangu mwanzo. Niliwaambia kwamba hata kasuku mzima ana unga wa manyoya ambao kwa watu wengine unaziba mapafu taratibu, na kwamba kinyesi kinyunyiziwe maji kwanza kabla hakijaguswa. Nilisema kwa adabu, kwa Kiswahili changu cha shule. Shemeji alisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Bon. Tule sasa?"

Kisha yule mama mdogo wa Goma akapata wazo kwamba ndege anahitaji mume. Akamtuma mwingine, ndani ya kapu la nyanya, aliyetoka kwenye tundu moja na wenzake wengi waliobanana. Alifika macho yamevimba, pua inatoa maji, na hakukaa hata akazoea chakula. Mimi nilikuwa Nyakiriba kwa ng'ombe wa watu. Niliporudi nikasimuliwa kama kichekesho: bwana harusi amekufa kabla ya harusi, wamemzika chini ya migomba.

"Alikuwa na nini?" niliuliza.

"Baridi ya ziwa," alisema shemeji. "Na uzuri ya bibi harusi."

Baada ya hapo kasuku wa mama akaanza. Nilimwona kwa macho haya yaliyosomea. Amejivimbisha manyoya kama mpira, amefumba jicho mchana, puani pameloa, kinyesi kimekuwa kijani na maji. Kila akivuta pumzi mkia ulipanda na kushuka kama mpini wa pampu. Ndege hapumui kama sisi. Ana mifuko ya hewa mwili mzima, na mkia ukianza kupiga pampu ujue ndani kumeharibika. Na alikuwa anakohoa. Hapo ndipo penye ubaya wote. Ndege mwingine angekohoa, watu wangesema anaumwa. Huyu alikuwa amekohoa kwa miaka akiwa mzima wa afya, kwa kumwiga mama, na walikuwa wamecheka. Sasa alikohoa kwa ugonjwa, wakacheka vilevile.

"Mama," nilisema, "ndege anaumwa. Kuna homa ya kasuku, inatoka kwa ndege inaingia kwa mtu kwa njia ya pumzi. Inaua. Nipe nimtenge kwangu, nimtibu, nitakurudishia mwenyewe mkononi."

"Mukwe wangu, huyu haiko mugonjwa. Ananifuatisha tu."

"Mkia haufuatishi mtu, mama. Wewe huna mkia."

Nilidhani atacheka. Hakucheka. Aliweka mkono juu ya tundu.

"Kwa duka yako wanaingia watu ya serikali. Wataniuliza karatasi ya ndege. We unajua sina."

Usiku ule nilipomweleza mke wangu, alinikatiza: "Baba watoto, usiniaibishe kwetu. Wanasema unataka kumunyang'anya mama furaha yake, sababu ndege anakutukana."

Hivyo ndivyo walivyonielewa. Elimu yangu yote, mayai yote yale ya stendi, kwao yalikuwa kisasi dhidi ya ndege.

Mama akaugua. Homa ilikuja na baridi ya mwili, kichwa kikamuuma hata hakutaka mwanga wa dirisha, kikohozi chake kikabadilika kikawa kikavu na cha ndani. Kituo cha afya walimpima malaria, hakuna, wakampa amoksilini. Hakupata nafuu. Ndipo wakachemsha inturusu, na ndipo ile alasiri niliyoanza nayo, ya vikohozi viwili.

Nilisimama. "Mtoeni ndege mle ndani," nilisema. "Sasa hivi."

"Hoshi! Si ninyi Watanzania mulitufundisha kujifukiza, wakati ya korona?" alisema shemeji. "Radio yote ilikuwa ni nyungu, nyungu. Leo imekuwa mubaya?"

"Si mvuke ninaousema. Ni ndege."

"Mvuke ya mutu iko dawa, mvuke ya ndege iko sumu? Sufuria ni moja, shemeji!"

Nilimgeukia mke wangu aingie yeye. Alisimama, akamtazama kaka yake, akakaa. Basi nikafanya ambalo mkwe hafanyi: nilisogea mpaka kwenye pazia na kupaza sauti.

"Mama! Nakuomba, mtoe huyo ndege kwenye blanketi!"

 Mvua ilisikika juu ya mabati. Kisha kutoka chini ya blanketi, kwa sauti ya kukwaruza ambayo haikuwa na nguvu tena, ikatoka:

"Docteur ya kuku!"

Nyumba nzima ikalipuka. Shemeji alipiga magoti kwa kucheka. Binti wa nyumba aliangusha trei. Na mama mwenyewe alicheka mle chini, nilimsikia. Alicheka mpaka kicheko kikamgeukia kikawa kikohozi, na kikohozi hakikuisha. Kiliendelea, kikaendelea, na mmoja mmoja sebuleni wakanyamaza, mpaka mke wangu akaingia mbio, nikasikia sufuria ikipinduka.

Kesho yake alikuwa anapumua kwa mabega. Shemeji alitaka apelekwe Nyamyumba, kwenye maji moto kando ya ziwa, akae mvukeni. Alikuwa ameshaita teksi. Mke wangu, na namshukuru kwa hilo tu, alisimama mbele ya mlango wa gari akasema ni hospitali au hakuna pa kwenda.

Hospitalini tulipokelewa na daktari mwanamke, mdogo kwa umri kuliko viatu vyangu, lakini makini. Alimsikiliza mama kifua mbele na nyuma, akatazama picha ya mapafu kwenye mwanga, akapima kifua kikuu, hakikuwepo. Alikuwa anauliza kwa Kinyarwanda, swali baada ya swali, na shemeji kama mkubwa wa familia ndiye aliyekuwa anajibu. Mimi nilisimama mlangoni, ubavu nimeuelekeza kitandani, macho nimeyashusha, kama inavyompasa mkwe.

"Anavuta sigara? Anapikia mkaa? Amesafiri?"

"Hapana. Ndiyo. Hapana."

"Nyumbani kuna wanyama? Kuna ndege?"

 Kwa pembe ya jicho niliona mama amefumba macho, lakini mkono wake uliokuwa juu ya shuka ulimshika shemeji kidole.

"Hapana, docteur," alisema shemeji. "Kuku ya jirani tu, inapitaga."

Daktari akaandika. Na mimi niliona, kama mtu anavyoona gari likija na watoto wako barabarani, ni nini kingefuata. Angeongezewa dawa zilezile za familia ya amoksilini, kwa sindano badala ya vidonge, dawa nzuri kwa magonjwa mengine ambazo kwa mdudu huyu ni kama maji. Angekufa akiwa na sindano mkononi, watu wangesema Mungu amemchukua, na kasuku angeendelea kula karanga kwenye midomo ya mtu mwingine.

Mke wangu alikuwa ananitazama. Macho yake yalisema usiseme.

Nikageuka. Nilimtazama mama mkwe wangu kitandani, amefunuliwa kifua cha kupimwa, jambo ambalo hakuna mkwe katika ukoo wao aliyewahi kulifanya, nikasema:

"Kuna kasuku, daktari. Anaumwa. Wa pili amekufa nyumbani humohumo. Mgonjwa alikuwa anamlisha kwa mdomo na alijifukiza naye ndani ya blanketi moja. Mimi nina diploma ya afya ya wanyama. Nadhani ni homa ya kasuku."

Daktari aliacha kuandika. Aliniuliza kuhusu macho ya ndege, pua, kinyesi, mkia. Alisikiliza kila neno mpaka mwisho, na hakuna aliyecheka. Katika miaka yote niliyokaa Gisenyi sikuwahi kusikilizwa hivyo na mtu asiyekuwa na ng'ombe mgonjwa. Kisha akasema, "Tutambadilishia dawa leo. Doksisaiklini."

Shemeji alilijua jina. Alikuwa ameliona mara nyingi kwenye rafu yangu, kwenye pakiti zenye picha ya jogoo.

"Ayii! Anataka kupatia mama dawa ya kuku!" alipiga kelele, wagonjwa wa vitanda vingine wakageuka. "Amemushauri docteur! Mama haiko kuku!"

"Ni dawa ya watu pia," daktari alisema kwa utulivu.

"Shemeji," aliniambia, na mara hii hakucheka, "mama amekuvulia nguo ya siri, na we umeipeleka sokoni."

 Mama alikuwa amefumbua macho. Alinitazama muda mrefu, kisha akavuta shuka mpaka kidevuni na kugeukia ukuta.

Homa ilishuka. Haikuchukua siku nyingi. Dawa ile ikimkuta mdudu wake haichelewi. Akaomba uji. Akaomba chumvi kwenye uji. Akaanza kuwagombeza wauguzi, nikajua amepona. Daktari alinipa mkono mbele ya watu na kusema kwamba asingeambiwa habari ya ndege asingeiwazia dawa ile mapema. Nililisimulia hilo nyumbani, nikalisimulia dukani, na nitalisimulia mpaka nife, maana hakuna mwingine atakayelisimulia.

Siku alipopata nafuu nilienda kwao na glovu, barakoa na ndoo ya maji ya dawa, nimchukue ndege. Sikutaka afe. Kasuku anatibika kama mtu. Anatengwa, anapewa dawa wiki nyingi bila kuruka, tundu linasuguliwa. Nilikuwa nimemwandalia chumba nyuma ya duka. Nilikuta tundu tupu limetundikwa juani, na binti wa nyumba analikung'uta kwa fimbo, vumbi linamwingia machoni.

"Yuko wapi ndege?"

"Amerudi kwao," alisema. "Jana. Na kofia yake."

Walikuwa wamemvukisha. Shemeji alimpa mwanamke mmoja wa kabichi, akamfunga mgongoni kama mtoto, akapita Petite Barrière mchana kweupe mpaka kwa mama mdogo wa Goma. Nilimfuata shemeji kwenye cherehani yake. Nikamuuliza kama amemwambia mama mdogo kwamba ndege ni mgonjwa.

"Watu ya docteur wako wangekuja kumutafuta," alisema, mguu unaendelea kukanyaga. "Sasa wakuje. Watakuta tundu."

"Nimekuuliza, umemwambia mama mdogo?"

"Nimemuambia amufiche."

Mama alirudi nyumbani, na habari ikazunguka mji ikiwa imeshashonwa. Inturusu imemponya, hospitali walichelewesha tu. Mkwe wake, yule Mtanzania, alimshitaki kwa serikali ili anyang'anywe ndege. Wateja wangu wawili watatu wa Kiislamu walianza kununua vyakula vya kuku kwingine. Nilienda kumsalimu na sukari na maziwa ya Nyakiriba, kama inavyopasa. Nikainama kizingitini.

"Shikamoo, mama."

Alikuwa ameketi kando ya dirisha, mahali palipokuwa na tundu, mzima, amenenepa kidogo, anapumua kwa pua kama watu wote. Alitazama nje. Nikarudia. Binti wa nyumba alipokea sukari na maziwa. Mama hakuitikia, na mpaka leo hajaitikia. Idi ilipofika alituma sahani za pilau kwa wakwe zake wote, mtoto anapita barabarani mbele ya duka langu na sahani zimefunikwa vitambaa. Ya kwangu haikuwemo. Mke wangu alienda kula kwao, akaniletea nyama kwenye mfuko wa karatasi, ameificha kwenye mkoba. Sikuigusa.

Sasa jana. Tulikuwa sebuleni kwangu, mke wangu anakunja nguo, simu yake iko mezani kwa sauti ya juu, anaongea na mama mdogo wa Goma. Walikuwa wanaongea habari za bei ya kitenge na nani ameoa. Kisha mama mdogo akakohoa. Kikavu, cha ndani.

"Mama mudogo, uko na kikohozi?"

"Ni vumbi ya hapa, mwanangu. Unajua Goma. Na kichwa inaniuma kidogo, na baridi ya mwili. Nimekunywa amoksilini, lakini wapi."

Na nyuma yake, kwa sauti iliyokwaruzika kama redio ya betri iliyokwisha, nikamsikia:

"Docteur ya kuku!"

Kikafuata kikohozi chembamba.

Nilinyosha mkono kuchukua simu. Mke wangu aliiwahi. Akazima sauti ya juu, akaiweka sikioni, akasimama akatoka uani kwenye kamba ya nguo, akafunga mlango nyuma yake. Lakini dirisha lilikuwa wazi. Nikasikia kila kitu.

Alimwambia yote. Alimwambia aende hospitali leo, asingoje Ijumaa. Atamke kwa mdomo wake mwenyewe kwamba ndani kuna kasuku na kasuku anaumwa. Kwamba amoksilini haifai, aulizie doksisaiklini. Kwamba kinyesi kinyunyiziwe maji kabla hakijafagiwa, na wajukuu walale nyumba nyingine. Hakukosea popote. Yalikuwa maneno yangu, kwa mpangilio wangu, mpaka lile la mkia kupiga pampu. Miaka yote ile nilidhani hanisikilizi.

Kisha akanyamaza, ni wazi ameulizwa swali. Akashusha sauti.

"Hapana, mama mudogo. Mume wangu anajua nini? Ni docteur wa hospitali alisema. Yule mwanamuke. Ndiyo. Ye mwenyewe."

Aliporudi ndani hakunitazama. Akachukua shati langu kwenye lundo, akalikung'uta.

"Amekubali," alisema. "Anaenda."

Nilisubiri aongeze neno. Alikunja mkono mmoja wa shati, kisha wa pili, akaliweka juu ya mengine, akachukua lingine.